Kipimo cha Mkono

Mkurugenzi wa hospitali alikwenda chuoni mwenyewe, hakutuma mtu. Lifti ilikuwa mbovu, akapanda ngazi hadi juu, akaingia ofisini kwa Profesa akihema na kuketi kabla hajakaribishwa. Mkononi alikuwa na karatasi moja tu.

"Nimekuja kwa ajili ya kile kipimo chako," alisema.

Profesa hakuhitaji kuuliza kipimo kipi. Miaka yake yote chuoni alikuwa amehangaika na swali moja: mikosi ikija kwa mkupuo, utajuaje kama ni sadfa tu au kuna mkono nyuma yake? Magari yakigongana mara tatu kwenye kona moja, ni bahati mbaya au barabara ina kasoro? Watu walikuwa wakijibu swali hilo kwa hofu zao. Yeye alipata kanuni ya kulijibu kwa hesabu, na kanuni ile ilifundishwa hadi katika nchi ambazo hakuwahi kukanyaga. Wanafunzi waliiita Kipimo cha Mkono. Alijifanya halipendi jina hilo.

"Kuna wodi moja kwetu wagonjwa wanakufa bila sababu ya kueleweka," Mkurugenzi aliendelea. "Hapa nimeandika vifo, na hapa zamu za wauguzi. Majina nimeyafuta, nimeweka herufi. Hatutaki kumwonea mtu. Wewe tutazamie tu kama kuna mkono."

Maneno hayo yalimwingia Profesa kama maji baridi mchana wa jua kali. Mara nyingi watu walimletea mambo yao wakiwa na jibu tayari mfukoni.

"Hivyo ndivyo inavyotakiwa," alisema. "Hesabu haina shangazi wala mjomba. Ila niambie, vifo hivi mmevichaguaje?"

"Ni vile vilivyotutatiza."

"Basi sawa."

Hakuuliza zaidi. Mgeni alipoondoka, alifunga mlango, akavua saa na kuiweka mezani kama afanyavyo kila akiwa na kazi tamu, kisha akainamia karatasi. Vifo vilikuwa kumi na viwili. Katika vifo kumi na kimoja, muuguzi aliyeandikwa herufi J alikuwa zamuni. Alipiga hesabu, akairudia kwa njia nyingine ili kujipinga mwenyewe, akapata jibu lilelile. Kwamba jambo hilo litokee kwa sadfa, uwezekano wake ulikuwa mmoja katika milioni saba.

Aliandika hivyo, akatia sahihi. Malipo aliyakataa. Alisema kwa simu, kwa sauti ya mtu anayejisikia vizuri, "Mkono upo. Tena si mwepesi."

*

Nyumbani, dada yake alikuwa ameloweka miguu kwenye beseni la maji ya chumvi. Ndiye mkubwa wao, mjane, muuguzi tangu ujana, na nyumba ile ilikuwa yake. Profesa na mkewe walihamia pale wakiwa maharusi, kwa muda mfupi tu walisema, na sasa binti yao alikuwa kidato cha pili.

"Leo tena kamekufa kamoja," Dada alisema, akisugua kisigino. "Kadogo hivi. Nilikuwa nimekashika."

"Pole, wifi," alisema mkewe Profesa kutoka kwenye cherehani.

"Watoto wazito wote wananirundikia mimi. Daktari akiona mtoto hali yake si ya kusema, anasema, mpelekeni kwa Mama, ana mkono mwepesi. Na mimi siwezi kukataa. Nimkatae mtoto?"

"Hm," alisema Profesa. Alikuwa akichambua samaki mifupa, na kichwani bado akiitazama hesabu yake ilivyokaa vizuri, kama fundi anavyotazama mlango aliouning'iniza ukafunga bila kukwaruza. Kwake J alikuwa mwanamume. Alikuwa mrefu, mkimya, mwenye viganja vikubwa. Hospitali ile, alikofanya kazi Dada, ilikuwa na wodi nyingi, na Mkurugenzi hakutaja ipi.

"Baba, shangazi anaongea na wewe," binti yake alimwambia.

"Nasikia," alijibu. "Omba likizo, Dada. Miguu hiyo itakushinda."

*

Walikuja siku ya mapumziko ya Dada, mchana, nguo zikiwa bado kwenye kamba. Maofisa wa polisi walikuwa watatu, mmoja wao mwanamke. Walivaa kiraia, lakini majirani walishajua, na ukutani vilianza kujitokeza vichwa kimoja kimoja.

Walipekua chumba cha Dada. Walitoa dawa zake za shinikizo la damu, wakazitia kwenye mfuko. Walitoa picha ya watoto waliopona, aliyopewa na wazazi wao, nayo wakaitia kwenye mfuko.

"Hiyo ya nini?" Dada aliuliza.

"Utaelezwa mbele," ofisa mwanamke alisema. "Mama, unatuhumiwa kuua watoto kumi na mmoja."

Dada alicheka. Alicheka kweli, kicheko kifupi cha mtu aliyesikia vibaya. Halafu akawatazama mmoja mmoja na kicheko kikamfia mdomoni.

"Nani amesema?"

"Hakuna aliyesema. Ni hesabu. Kuna bingwa amepiga hesabu, ikaonekana haiwezekani kuwa bahati mbaya. Moja kwa milioni saba, mama."

Profesa alikuwa amesimama mlangoni na shati la ndani. Alipoisikia namba ile alishika fremu ya mlango. Mkewe alimwona akibadilika rangi, akadhani ni kwa ajili ya wifi yake tu.

Dada alimgeukia kwa matumaini. "Wewe watu wa hesabu unawajua wote. Huyo ni nani?"

Profesa alizitazama nguo kwenye kamba.

"Basi mtafute," Dada alisema, akiingiza miguu iliyovimba kwenye viatu. "Mtafute, mdogo wangu, mwambie airudie. Binadamu hukosea."

Wakamtoa. Aliomba asifungwe pingu hadi wapite kona, wakakataa.

*

"Ni wewe," mkewe alisema jioni ile. Hakuuliza.

"Waliniletea herufi. Nisingeweza kujua."

"Ungeweza kuuliza."

"Kutokujua jina ndiyo haki yenyewe! Ndiyo maana—"

"Hiyo haki imelala wapi leo?" mkewe alisema, akauinua mguu kwenye cherehani. "Mimi nimelelewa na wifi kwenye nyumba hii zaidi ya nilivyolelewa kwetu. Nenda kaichukue karatasi yako."

Alikwenda. Mkurugenzi alimpokea vizuri, akamvutia kiti, akampa pole ya dhati kwa yaliyoifika familia.

"Nataka kuiondoa," Profesa alisema. "Ile hesabu haifai."

"Kosa liko wapi? Ulikosea kujumlisha?"

"Kujumlisha ni sahihi. Kosa liko kwenye orodha yenu. Nimeongea na wauguzi. Kuna watoto wengine waliokufa wodi ile ile, dada yangu hayupo. Mbona hamkuwaandika?"

"Wale walikuwa wagonjwa sana."

"Na hawa wa kwake?"

"Hawa walitutatiza."

"Waliwatatiza kabla hamjajua nani alikuwa zamuni, au baada?"

Mkurugenzi alikuwa mtu mwenye adabu, na jibu alilitoa kwa adabu. "Profesa, wazazi wako langoni kwangu kila asubuhi. Gazeti liko langoni. Niwaambie nini, kwamba hospitali yangu haina mashine za kutosha za kupumulia, ndiyo maana watoto wanakufa? Wewe ulisema mkono upo. Nakuuliza kama rafiki: J angekuwa mtoto wa mwenzio, ungekuja hapa leo?"

Profesa aliitazama meza. Swali lilikuwa la haki, na alilijua jibu.

*

Mtaani mambo yaligeuka. Wateja wa cherehani walikuja kuchukua vitambaa vyao hata ambavyo havijakatwa. Mwenye duka aliacha kumpa binti mkate mkononi. Aliuweka juu ya kaunta na kurudi nyuma. Shuleni walimwita Sindano. Siku moja alirudi nyumbani bila sketi, amejifunga sweta kiunoni, na hakusema nani aliichana.

Kule mahabusu, askari wa kike wa langoni alikata kila kipande cha chakula kwa kisu kutafuta kilichofichwa, hadi wali ukawa uji. Alipoona jina kwenye kitambulisho, alimnyanyulia Profesa uso.

"Wewe ndiye yule wa hesabu?"

"Ndiye."

"Mume wangu anacheza bahati nasibu. Mtolee namba mbili tatu basi." Wenzake wakacheka. Profesa naye akachekacheka, maana funguo zilikuwa kwao.

Dada alikuwa amepungua. Kati yao palikuwa na wavu wa chuma. Profesa alikuwa ameyapanga maneno njiani, mwanzo na mwisho, lakini alipomwona yote yakamtoka.

"Ni mimi, Dada. Aliyepiga ile hesabu ni mimi."

Dada alikwangua rangi ya wavu kwa ukucha.

"Nilikuwa herufi gani?"

"J."

"J." Alilitamka kana kwamba analionja. "Na hukunijua?"

"Walifuta majina."

"Majina walifuta, sawa. Kazi je? Kila jioni nakaa mbele yako nakueleza. Fulani kazidiwa, fulani kafariki, wananipa wazito. Ulikuwa ukisema hm."

Profesa aliegemeza paji la uso kwenye wavu. "Nitalisema mahakamani. Kanuni ni yangu. Nikisema mwenyewe kwamba imetumiwa vibaya, watasikia. Nisipoaminiwa mimi ataaminiwa nani?"

"Sema," Dada alijibu, kwa uchovu. "Ila sema kwa lugha ya watu."

*

Mahakama ilijaa hadi madirishani. Alipoongozwa na wakili wao, Profesa alijitahidi. Alieleza kwamba kifo kikitokea Dada akiwepo kiliitwa cha kutatanisha, kikitokea hayupo kiliitwa kazi ya Mungu. Ukichagua hivyo, alisema, hata malaika atatokea muuaji. Alieleza kwamba mtu anayepewa watoto mahututi lazima afiwe na wengi, kama vile zimamoto anavyokutwa kwenye nyumba nyingi zinazoungua. Hapo watu wawili watatu walitikisa kichwa kukubali, naye akapata nguvu.

Nguvu zile zikamponza. Alisogea mbele zaidi.

"Na ile moja kwa milioni saba, Mheshimiwa Jaji, si uwezekano kwamba hana hatia."

"Basi ni uwezekano wa nini?" Jaji aliuliza.

"Ni uwezekano wa kuona orodha kama ile, endapo tutachukulia kwamba hana hatia na kwamba zamu na vifo havihusiani. Kuligeuza lile kuwa hili ni kosa. Inabidi kwanza tupime ni nadra kiasi gani muuguzi kuua, tulinganishe na..."

Aliendelea. Aliona kalamu ya Jaji ikilala juu ya daftari. Wakili wao alimkonyeza anyamaze, lakini alikuwa ameshaingia ndani, na kutoka hakuona njia isipokuwa kwa hesabu nyingine.

Mwendesha mashtaka alisimama bila haraka. Alimpa karatasi.

"Sahihi hii ni ya nani?"

"Yangu."

"Siku hiyo ulikuwa umelewa?"

"Silewi."

"Ulilazimishwa?"

"Hapana."

"Ulilipwa?"

"Hapana."

"Kumbe ulisema kweli, tena bure." Watu walicheka, karani akawanyamazisha. "Tangu siku hiyo, idadi ya vifo imebadilika?"

"Haijabadilika, lakini—"

"Zamu zimebadilika?"

"Hapana."

"Kanuni yako imebadilika? Umeandikia vyuo kwamba wasiifundishe tena?"

"Kanuni ni sahihi. Orodha ndiyo—"

"Nani alipaswa kuuliza orodha imepatikanaje?"

"Mimi."

"Uliuliza?"

"Niliuliza."

"Ulijibiwa?"

"Nilijibiwa."

"Ukaridhika."

Profesa alimtazama Dada kizimbani. Alikuwa amekaa wima, mikono mapajani, kama anayesubiri zamu yake ianze.

"Niliridhika," alisema.

"Mheshimiwa Jaji, shahidi huyu alimwambia Mkurugenzi kwamba hesabu haina shangazi wala mjomba. Kumbe ina dada." Mwendesha mashtaka alikunja joho lake. "Kilichobadilika ni kimoja tu. J amepata jina. Sina swali zaidi."

Kwenye korido, mama mmoja aliyefiwa alimkamata Profesa mkono. Alikuwa mwanamke mdogo, kanga yake imefifia, macho makavu. Profesa alijikaza akisubiri kutukanwa.

"Baba, mimi sina kinyongo na wewe," alisema. "Wengine wanakulaani, mimi nakuombea. Nilikuwa silali, najiuliza labda nilichelewa kumleta mwanangu. Wewe ndiye uliyenitua mzigo. Mungu akubariki kwa ile hesabu ya kwanza."

Akauachia mkono, akaenda zake. Dada alihukumiwa kifungo cha maisha.

*

Chuo hakikumfukuza. Walimwondolea darasa, wakampa chumba kidogo karibu na stoo, na mwanafunzi aliyepita mlangoni alipunguza sauti kama anayepita msibani. Kipimo cha Mkono kiliendelea kufundishwa, na mtu mwingine.

Siku moja alipotoka kazini alimkuta sebuleni muuguzi kijana, msichana mwembamba aliyezoea kufanya zamu na Dada. Mahakamani aliitwa kumtetea, akalia tu. Alikuwa na mtoto mchanga mgongoni, na chai aliyopewa na mkewe Profesa hakuigusa.

"Mzee, bado wanakufa," alisema.

"Nani?"

"Watoto. Mama ameondoka, na wanakufa vilevile. Labda zaidi. Wazito sasa wananipa mimi, kwa sababu ni yeye aliyenifundisha."

Profesa aliketi polepole, kama mtu anayeogopa kuamsha kitu. Alimwomba amweleze wodi nzima tangu mwanzo wa mwaka, nani kaingia, nani katoka, nani kafa, safari hii bila kuchagua. Msichana alieleza alichokikumbuka, na kwa siku kadhaa akarudi na aliyoyaulizia kwa wenzake. "Ila jina langu lisitajwe," alisema. "Nina huyu wa kunyonyesha."

"Halitatajwa popote," Profesa alimwapia.

Alifanya kazi kama zamani. Alivua saa, akaiweka mezani. Jibu lilitoka safi: kuwepo kwa Dada hakukuongeza kifo hata kimoja, kuondoka kwake hakukupunguza. Wodi ile iliua kwa mwendo wake wenyewe. Mkewe, ambaye tangu siku ile alikuwa akimpakulia chakula bila neno, alisoma mstari wa mwisho, akamshika bega. Binti yao alipiga pasi sketi ya shule akiimba. Jioni ile walikula pamoja, wakamsema Dada kana kwamba yuko njiani.

Asubuhi alikwenda moja kwa moja kwa Mkurugenzi, maana bila hospitali kukubali, rufaa isingesimama. Mkurugenzi alisoma yote, ukurasa kwa ukurasa. Hakubisha hata nukta.

"Kwa hiyo unasema vifo havijapungua."

"Havijapungua hata kidogo!" Profesa alikuwa karibu kusimama. "Angekuwa yeye ndiye anayeua, vingekoma. Unaona? Hakuna mkono."

"Naona." Mkurugenzi alivua miwani, akaifuta. "Au mikono ilikuwa miwili."

"Nini?"

"Mmoja tumeufunga. Mwingine umebaki kazini." Alifungua droo, akatoa ratiba ya zamu za wodi, akaiweka kando ya karatasi ya Profesa na kuanza kushusha kidole, mstari kwa mstari, bila hasira wala furaha. "Nakushukuru. Peke yetu tusingeliona."

Profesa alizishika karatasi zake kutaka kuzichukua. Mkurugenzi aliweka kiganja juu yake, taratibu, kama anayemzuia mgonjwa asijiumize. Profesa alipiga kelele hadi walinzi wakaja, akatolewa nje mbele ya foleni ya wagonjwa. Aliyeshika vyombo vya usafi langoni alimwokotea kiatu.

Alikimbilia wodini kumwonya yule msichana. Hawakumruhusu kupita. Simu yake iliita tu.

*

Siku ya kutembelea wafungwa, Dada alitoka akiwa amevaa sare iliyompwaya. Profesa alikuwa na wakili mpya wa kumtaja, na alianza na huyo kwa kuwa hakujua aanzie wapi kwingine.

"Najua," Dada alimkatiza. "Yule msichana wangu wa zamu amekuja juzi. Wamempa kitanda cha juu yangu."

Profesa aliushika wavu kwa mikono miwili.

"Maziwa yamemjaa, kifua kimekuwa kama mawe. Mtoto wamemnyima, wanasema muuaji wa watoto haachiwi mtoto. Namkanda kwa maji ya moto, ila ukali wa hawa hapa unaujua, maji ya moto ni kwa kuomba." Aliongea kwa sauti ileile aliyokuwa akiitumia mezani, ya kueleza siku ilivyokwenda. "Aliniuliza, Mama, yangu ni moja kwa ngapi? Nikamwambia sijui, nitamuuliza mdogo wangu."

"Dada, nisikilize. Nilimwapia. Sikulitaja jina. Mimi nilileta ushahidi wa kukutoa wewe, wao wakaugeuza. Bado kuna njia. Nikipata kumbukumbu za hospitali nyingine, nikalinganisha—"

"Usipate."

"Ni suala la kulinganisha tu. Kuna watu nje ya nchi, wanaiheshimu kanuni yangu, wakiandika barua—"

"Mdogo wangu." Dada alisogea hadi pumzi yake ikagusa wavu. Hakukuwa na chuki usoni pake, na hilo ndilo lililomtisha Profesa. "Wewe si mtu mbaya. Nimekulea, nakujua. Lakini kila unapokuja kunitoa, humu ndani tunaongezeka. Usinisaidie tena."

Aliinuka. Muda ulikuwa bado, na askari aliyekuwa akipiga miayo kwenye kiti alishangaa.

"Mbona mapema, bibi?"

"Nina mgonjwa," Dada alisema, akaingia ndani.